Frederick Reines: mtu aliyeinasa nyutrino, kutoka kinu cha nyuklia hadi chini ya mgodi wa dhahabu wa Afrika Kusini

Kwa muda wa miaka 26 wataalamu wa fizikia waliandika juu ya nyutrino na kuitia katika mahesabu yao, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuiona. Mtu aliyemaliza ngoja-ngoja hiyo, kunako mwaka 1956, ni Mmarekani Frederick Reines, akiwa pamoja na mwenzake Clyde Cowan. Miaka tisa baadaye Reines huyohuyo alipeleka vyombo vyake Afrika, ndani ya mgodi wa dhahabu karibu na Johannesburg, zaidi ya kilomita 3 chini ya ardhi. Huko ekipe yake ikakamata nyutrino ambayo haikutoka katika mashine yoyote ya binadamu, ila ilizaliwa angani. Mitambo mikubwa inayofanya kazi leo chini ya milima, ndani ya bahari na chini ya barafu ya Ncha ya Kusini inafuata njia ambayo yeye ni mmoja wa walioifungua.

Mtoto wa wenye duka

Reines alizaliwa tarehe 16 Machi 1918 mjini Paterson, jimbo la New Jersey, akiwa kitinda mimba kati ya watoto wanne. Wazazi wake walikuwa Wayahudi waliohama kutoka Urusi. Sehemu kubwa ya utoto wake ilipita Hillburn, kijiji cha jimbo la New York, ambako familia ilikuwa na duka la bidhaa za kila namna.

Alisimulia baadaye kwamba sayansi ilimgusa mara ya kwanza pahali ambapo haikutarajiwa, ndani ya shule ya dini. Somo lilikuwa limemchosha. Jua lilikuwa linazama, naye akakunja kiganja chake kama darubini na kuitazama nuru ya dirishani kupitia tundu la vidole. Akaona kwamba nuru haipiti sawasawa pembeni mwa vidole, kuna kitu kinaichezesha. Hakujua ni nini, lakini hakusahau. Katika shule ya sekondari alama zake nzuri zilikuwa za fasihi na historia kuliko za sayansi, hadi mwalimu mmoja alipompa ufunguo wa maabara ili aingie kufanya majaribio wakati wowote anaopenda. Pengine ufunguo ule ulifanya kazi kubwa kuliko vitabu vyote alivyopewa.

Alikuwa pia na sauti. Aliimba katika kwaya, akafundishwa bure na mwalimu wa uimbaji kwa sababu hakuwa na pesa za kulipa, na kwa muda alifikiria kabisa kuufanya uimbaji uwe kazi yake. Fizikia ilishinda, lakini wimbo haukumwacha: miaka mingi baadaye, akiwa profesa mjini Cleveland, aliimba katika kwaya ya okestra maarufu ya mji ule.

Alisoma katika Stevens Institute of Technology, mjini Hoboken, akamaliza uinjinia mwaka 1939 na shahada ya pili mwaka 1941. Alimuoa Sylvia Samuels mwaka 1940, wakapata watoto wawili. Udaktari wake aliupata Chuo Kikuu cha New York mwaka 1944.

Los Alamos na urani ya Katanga

Mwaka huohuo wa 1944 aliitwa Los Alamos, pahali pa siri katika jimbo la New Mexico ambapo Marekani ilikuwa inatengeneza bomu la atomiki. Aliwekwa katika kitengo cha mahesabu, chini ya Richard Feynman, kijana kama yeye ambaye jina lake lingekuja kuwa kubwa.

Hapa historia yake inapita kando ya historia ya Kongo. Sehemu kubwa ya urani iliyotumika katika kazi ile ilichimbwa Shinkolobwe, karibu na Likasi. Tangu mwaka 1940 tani zipatazo 1,200 za mawe ya Shinkolobwe zilikuwa zimelala ndani ya ghala moja la Staten Island, New York, wakati ambapo Reines alikuwa anasoma Hoboken, ng'ambo ya maji ya bandari ileile. Hakuwa na habari nazo, kama vile wachimbaji wa Katanga walivyokuwa hawana habari mawe yao yanakwenda kufanya nini. Urani ya Shinkolobwe iliingia katika vinu vya kwanza vya nyuklia vya Marekani, kikiwemo cha Hanford katika jimbo la Washington, na Hanford ni pahali ambapo Reines angerudi kwa shughuli nyingine kabisa.

Vita vilipokwisha hakuondoka Los Alamos. Kwa miaka kadhaa kazi yake ilikuwa kupima nguvu na madhara ya mabomu yaliyolipuliwa katika visiwa vya Bahari ya Pasifiki, na mwaka 1951 aliongoza upande wa majaribio wa milipuko iliyofanyika Eniwetok. Ilikuwa kazi yenye cheo. Lakini aliporudi aliomba jambo ambalo wakubwa wachache wangelikubali: aachwe kwa muda bila kazi ya kila siku, ili afikiri ni kitu gani hasa anataka kufanya katika maisha. Akapewa ofisi tupu. Alikaa miezi mbele ya karatasi nyeupe, na kilichomjia kichwani ni kimoja tu, nyutrino.

Deni lililokosa mwenyewe

Ili kuelewa kwa nini wazo hilo lilionekana kama kichaa, ni lazima kurudi nyuma. Kuna atomu ambazo hazitulii. Hubadilika zenyewe na kutupa elektroni nje. Wataalamu walipopima nguvu inayotoka na elektroni hizo, mahesabu hayakukubali. Ni kama mwenye duka anayejua ameuza kiasi gani, lakini kila jioni anakuta pesa za sandukuni zimepungua, leo kidogo, kesho nyingi, na hakuna mwizi anayeonekana. Wengine walifikia hata kusema labda ile sheria inayosema nguvu haipotei si ya kweli.

Tarehe 4 Desemba 1930, Wolfgang Pauli, mtaalamu wa Austria aliyefundisha Zürich, aliandika barua ya kupendekeza kwamba mwizi yupo: chembe ndogo isiyo na chaji ya umeme, inayotoka pamoja na elektroni na kubeba ile nguvu inayokosekana. Enrico Fermi, wa Italia, ndiye aliyeipatia nadharia kamili na kulieneza jina nyutrino. Pauli mwenyewe hakufurahi sana. Aliona amefanya dhambi ya kitaalamu, kubuni kitu ambacho hakitaweza kuonekana.

Na kweli, mwaka 1934 Hans Bethe na Rudolf Peierls walipiga hesabu wakakuta kwamba nyutrino ingeweza kupita katika ukuta mnene kupita dunia nzima bila kugusa kitu. Haina chaji, kwa hiyo umeme hauishiki. Inapita kati ya atomu kama mtu anayepita sokoni usiku, wakati meza zote ni tupu. Kutoka kwenye jua peke yake, nyutrino bilioni 60 hivi zinapita kila sekunde katika ukucha wa kidole gumba cha kila mtu, mchana na usiku, kwa sababu usiku zinatoboa dunia na kutokea upande wa pili.

Lakini kuna tofauti kati ya kitu kisichowezekana na kitu kilicho adimu. Kama nyutrino moja ina bahati ndogo sana ya kugonga atomu, jibu ni kutafuta pahali penye nyutrino nyingi kupita kiasi, na kuweka mbele yake atomu nyingi kupita kiasi. Reines alijua pahali pamoja panapotoa nyutrino nyingi kwa ghafula. Alikuwa ametoka huko, kwenye bomu la atomiki.

Shimo, manyoya na bomu

Katika kiangazi cha 1951 Fermi alikuwa anatembelea Los Alamos. Reines aligonga mlango wake na kumweleza wazo la kutafuta nyutrino kwa kutumia bomu. Fermi alikubali kwamba bomu ni chanzo kizuri. Reines akaungama kwamba hajui namna ya kutengeneza chombo kikubwa cha kuzinasa. Fermi akafikiri kidogo, naye akasema hajui. Wakaachana hapo.

Baadaye ndege aliyosafiri nayo ilipata matata ya injini ikabaki Kansas City. Ndani ya ndege alikuwemo pia Clyde Cowan, mtaalamu wa kemia na fizikia aliyekuwa katika jeshi la anga wakati wa vita. Wakizunguka katika kiwanja cha ndege kungojea, waliulizana ni kazi gani ngumu ambayo inafaa kujaribiwa. Wote wawili wakakubaliana juu ya nyutrino, hasa kwa sababu kila mtu alisema haiwezekani.

Mpango wao wa kwanza leo unasomeka kama hadithi. Bomu la nguvu ya kilotani 20 lingelipuliwa juu ya mnara. Umbali wa mita 40 hivi kutoka hapo wangechimba shimo la mita 45, watoe hewa yote ndani, na mara bomu linapolipuka waachie chombo chao kianguke ndani ya shimo, ili mtikisiko wa ardhi usikivunje. Chini kingepokelewa na rundo la manyoya na sponji. Siku kadhaa baadaye, mionzi ikishapungua, wangechimbua chombo na kusoma kilichoandikwa. Cha ajabu si kwamba waliwaza hivyo, cha ajabu ni kwamba mkubwa wa Los Alamos alikubali, na kazi ya kuchimba ikaanza.

Mwisho wa 1952 mkuu wa kitengo chao aliwahimiza wafikiri tena: kwa nini wasitumie kinu cha nyuklia? Kinu hutoa nyutrino chache kwa mpigo kuliko bomu, lakini hutoa bila kusimama, mwezi baada ya mwezi, na mtu anaweza kurudia kipimo kesho kama leo kimeshindwa. Usiku huohuo waliona ufunguo wa jambo lote. Nyutrino ya kinu ikigonga protoni ndani ya maji, vitu viwili hutokea: positroni na nyutroni. Positroni hukutana mara moja na elektroni, na zote mbili hutoweka kwa kumulika mara mbili, kila mmuliko ukienda upande wake. Nyutroni hutangatanga kwa sehemu ndogo sana ya sekunde, kisha humezwa na atomu ya madini ya kadimi yaliyochanganywa katika maji, na hapo hutoka mmuliko mwingine. Kwa hiyo chombo kisitafute mmuliko mmoja, kwa sababu mimuliko ya bure ni mingi. Kitafute mimuliko miwili inayofuatana kwa muda maalumu. Ni kama mtu anayebisha hodi kwa namna mliyopatana: pigo moja laweza kuwa upepo, lakini mapigo mawili yenye kipimo ni mgeni.

Kutoka Hanford hadi Savannah River

Mwaka 1953 walikwenda Hanford na pipa la lita 300 za kimiminika kinachotoa nuru kinapoguswa na mionzi, limezungukwa na macho 90 ya umeme yanayoweza kuhisi nuru ndogo sana. Kazi yao waliipa jina la pepo anayetikisa vyombo vya nyumba bila kuonekana. Walilala karibu na kinu, wakapanga na kupangua matofali ya risasi hadi mikono ikachoka. Matokeo yalikuwa na dalili, lakini hayakutosha: hata kinu kilipozimwa chombo kiliendelea kupiga kelele. Kelele ilitoka juu, kwenye mionzi ya anga inayoinyeshea dunia wakati wote. Wale wawili wakaelewa somo ambalo lingeongoza maisha ya Reines yote yaliyobaki, kwamba anayetaka kusikia nyutrino lazima ashuke chini ya ardhi.

Kinu kipya cha Savannah River, katika jimbo la South Carolina, kilikuwa na chumba kilichofaa, mita 11 kutoka kwenye kinu na mita 12 chini ya uso wa ardhi. Ekipe ilifika mwisho wa 1955. Waliweka matangi mawili ya maji yenye kadimi, kila moja la lita 200, katikati ya matangi matatu makubwa ya kimiminika, kama sandwichi yenye vyumba vingi. Chombo kizima kilikuwa na uzito wa tani nyingi, na kwa kinga ya ziada walitumia hata mifuko ya unga wa mbao uliolowanishwa.

Walipima kwa zaidi ya saa 1,300, kinu kikiwa kinawaka na kikiwa kimezimwa. Kila sentimeta ya mraba ya chombo ilipitiwa na mamilioni ya mamilioni ya nyutrino kila sekunde, na kati ya zote hizo walipata tatu hivi kwa saa. Tatu zilitosha, kwa sababu walizijaribu kwa kila njia. Walibadilisha nusu ya maji ya kawaida kwa maji mazito, yenye protoni chache zinazoweza kugongwa, na hesabu ikapungua kama ilivyotakiwa. Waliongeza kinga, hesabu haikubadilika. Kinu kilipozimwa, mapigo mawili yalipungua. Ni uangalifu huo, kuliko ile hadithi ya bomu na manyoya, unaofanya jina la Reines liheshimiwe na watu wa kazi yake.

Tarehe 14 Juni 1956 Reines na Cowan walimpelekea Pauli telegramu ya kumjulisha. Pauli alikuwa kwenye mkutano CERN, karibu na Geneva. Alikatisha mkutano akaisoma mbele ya wote. Inasimuliwa kwamba yeye na rafiki zake walimaliza kasha zima la shampeni. Aliandika jibu pia, lakini halikufika Marekani. Nakala yake ilimfikia Reines karibu miaka 30 baadaye, kwa mkono wa mwanafunzi wa zamani wa Pauli. Fermi hakuisikia habari hiyo. Alikuwa amekufa kwa saratani mwaka 1954.

Kushuka mgodini Afrika Kusini

Mwaka 1959 Reines aliacha Los Alamos, akawa mkuu wa idara ya fizikia katika Case Institute of Technology, mjini Cleveland. Sasa alitaka nyutrino za namna nyingine. Mionzi ya anga inapogonga hewa juu ya dunia huzaa nyutrino pia, zenye nguvu kupita zile za kinu, lakini ni chache mno. Ili kuziona ilihitajika mwamba mnene ambao ungezuia kila kitu kingine. Alianzia kwenye mgodi wa chumvi karibu na Cleveland, wenye kina cha mita 600 hivi. Haukutosha. Pahali penye kina kikubwa zaidi duniani ambapo mtu angeweza kushuka palikuwa kwenye migodi ya dhahabu ya Afrika Kusini.

Akishirikiana na Friedel Sellschop wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, alipewa nafasi katika mgodi wa East Rand Proprietary, karibu na Boksburg, kwenye kina cha mita 3,200 hivi. Joto la mwamba huko ni kali sana, na kila kitu lazima kishuke kwa lifti zilezile zinazoshusha watu na kupandisha mawe. Ndani ya handaki lililochimbwa kwa ajili hiyo walipanga matangi ya kimiminika katika kuta mbili zinazotazamana. Wazo lilikuwa rahisi. Chembe zinazotoka angani na kufaulu kutoboa mwamba wote huo huja kutoka juu, karibu wima. Chembe inayopita kwa ulalo, kutoka ukuta hadi ukuta, ingelazimika kutoboa makumi ya kilomita za mawe, jambo lisilowezekana. Ikiwa ipo, basi imezaliwa hapohapo kwenye mwamba, na aliyeizaa ni nyutrino.

Tarehe 23 Februari 1965 vyombo viliandika alama ya kwanza ya namna hiyo. Ekipe nyingine ya Wahindi, Waingereza na Wajapani, iliyokuwa katika mgodi wa dhahabu wa Kolar, kusini mwa India, iliona zake wiki chache baadaye, ikatangulia kidogo kuchapisha. Makala zote mbili zilitoka Agosti 1965, na historia inawapa heshima wote wawili.

Jambo moja halisemwi sana katika vitabu. Afrika Kusini ya 1965 ilikuwa ya ubaguzi wa rangi. Migodi ile ilisimama juu ya mabega ya wachimbaji Waafrika, wengi wao wakitoka Lesotho, Msumbiji na Malawi kwa mikataba, wakilala katika mabweni ya kambi na kulipwa sehemu ndogo tu ya mshahara wa mzungu. Bila mashimo waliyoyachimba chombo kisingefika chini. Orodha ya walioandika makala ina majina manane, na hakuna la mchimbaji hata mmoja.

Bwawa chini ya ziwa

Mwaka 1966 Reines alihamia Chuo Kikuu kipya cha California mjini Irvine, akawa mkuu wa kwanza wa kitivo cha sayansi hadi 1974. Alikuwa mtu mrefu, mwenye sauti nzito, aliyependa mipango mikubwa kuliko midogo. Si kila aliloligusa lilifaulu. Mwaka 1980 yeye na wenzake wawili walitangaza kwamba vipimo vipya vya Savannah River vinaonyesha nyutrino zinabadilika aina njiani. Habari ilizunguka dunia, lakini vipimo vya wengine kwenye vinu vya Ulaya havikukubaliana nayo, na matokeo yale yakawekwa kando.

Wakati huo alikuwa tayari ameingia katika kazi nyingine kubwa pamoja na watu wa Chuo Kikuu cha Michigan na maabara ya Brookhaven. Walichimba pango ndani ya mgodi wa chumvi chini ya ziwa Erie, jimbo la Ohio, kina cha mita 600, wakalijaza tani 8,000 za maji safi kabisa, na kulizungushia macho ya umeme 2,048. Walitaka kujua kama protoni hufa. Hawakuona hata moja ikifa. Lakini maji yale yalikuwa mtego mzuri wa nyutrino.

Hapa njia ni tofauti na ile ya kadimi. Hakuna kitu kinachoishinda nuru mbio katika utupu, ila ndani ya maji nuru yenyewe hupunguza mwendo kwa robo hivi. Nyutrino ikigonga atomu ya maji, chembe inayoruka kutoka hapo inaweza kwenda mbio kuliko nuru inavyokwenda majini. Huacha nyuma yake nuru ya buluu yenye umbo la pembe, kama mtumbwi wa mota unavyoacha mawimbi nyuma yake ziwani. Kwa kuangalia macho yapi yaliona nuru hiyo, na lipi lilitangulia, wataalamu hujua chembe ilitoka wapi na ilikuwa na nguvu kiasi gani.

Tarehe 23 Februari 1987, miaka 22 kamili baada ya ile alama ya Afrika Kusini, nyutrino za nyota iliyolipuka katika kundi la nyota jirani lililo umbali wa miaka ya nuru 160,000 hivi zilifika duniani. Robo hivi ya macho ya bwawa la Ohio yalikuwa hayafanyi kazi siku ile, kwa sababu ya matata ya umeme. Hata hivyo liliandika nyutrino nane katika sekunde chache. Bwawa la Kamioka, Japani, liliandika kumi na moja, lakini saa yake haikuwa ya kutegemewa kwa dakika nzima. Saa ya Ohio ndiyo iliyowezesha kujua wakati kamili. Zilifika saa kadhaa kabla nuru ya mlipuko haijaonekana, kama nadharia ilivyosema: nyutrino hutoka moja kwa moja katika moyo wa nyota, na nuru hungoja tabaka za nje zipasuke.

Tuzo iliyochelewa

Kamati ya Nobel ilichukua muda wa ajabu. Mwaka 1988 ilitoa tuzo kwa Wamarekani watatu waliogundua aina ya pili ya nyutrino mwaka 1962, wakati waliogundua ya kwanza hawakuwa wamepata kitu. Ni vigumu kuuita uamuzi huo wa haki. Reines alipata yake mwaka 1995, miaka 39 baada ya telegramu, akigawana na Martin Perl. Cowan alikuwa amefariki mwaka 1974, akiwa na umri wa miaka 54, na Nobel haipewi marehemu. Katika hotuba yake ya Nobel, Reines alimtaja Cowan kama mwenzake sawa katika kazi ile.

Afya yake ilikuwa imeanguka kwa ugonjwa wa Parkinson. Mwezi Juni 1998 Wajapani walitangaza kwamba nyutrino za angani, zilezile za namna aliyoikamata mgodini mwaka 1965, kweli hubadilika aina njiani, na kwa hiyo zina uzito. Miezi miwili baadaye Reines akafariki katika mji wa Orange, California, akiwa na miaka 80.

Kuna ndoto moja aliyoiacha njiani. Tangu miaka ya 1970 alikuwa miongoni mwa waliotaka kushusha macho ya umeme katika bahari ya kina kirefu karibu na Hawaii, ili kutumia maji ya bahari yenyewe badala ya bwawa. Mwaka 1993 kamba ya kwanza ilishushwa, maji yakaingia katika vyombo, na mwaka 1995 serikali ya Marekani ikafunga mfuko. Lakini wengine walikuwa tayari wamefikiria kutumia barafu. Katika Ncha ya Kusini walitoboa mashimo 86 kwa maji ya moto, kila moja likishuka hadi karibu kilomita mbili na nusu, wakateremsha kamba zenye macho 5,160, wakaacha maji yagande tena na kuyafungia humo. Kazi iliisha Desemba 2010. Mtambo huo, IceCube, unatazama kilomita nzima ya ujazo wa barafu. Tarehe 22 Septemba 2017 uliandika nyutrino moja ambayo njia yake ilielekea kwenye kundi la nyota lililo umbali wa miaka ya nuru bilioni nne hivi, lenye shimo jeusi katikati yake, na ndani ya dakika moja taarifa ikawa imetumwa kwa wenye darubini wa dunia nzima wageuze vyombo vyao kule.